Mkanda Uliohudumu Chini ya Marais Watatu

Kwaya ikikusukumia gari huku ikiimba, watu walio kando ya barabara hudhani ni sehemu ya ibada. Walitupigia makofi. Mzee mmoja alivua kofia. Mimi nilikuwa ndani, mikono kwenye usukani, nikitafakari kama ni adabu kuwapungia mkono au ni heri nijifunike fulana usoni. Sauti ya pili ilikuwa upande wa dirisha langu, akina mama wenye sare na vitambaa kichwani, na mmoja wao, kila ubeti ulipokwisha, aliinama akaniuliza kwa upole: "Baba, umeachia breki kweli?"

Ilikuwa siku ya hija. Kila Oktoba Wakatoliki kutoka kila pembe ya Kenya hukusanyika Subukia, kwenye madhabahu ya kitaifa ya Mama Maria, na siku hiyo barabara ya Nakuru kwenda Nyahururu hujaa mabasi ya parokia hadi boda boda hukosa upenyo. Mimi sikuwa naenda kuhiji. Nilikuwa naenda Nyahururu kuangalia mbegu ya viazi, na malaika wa zamu bila shaka aliliandika hilo.

Mlima wa Subukia haukuumbwa kwa ajili ya magari. Ni ukingo wa Bonde la Ufa, ardhi iliyopasuka ikazama upande mmoja, na kazi yenyewe haijaisha: tarehe 6 Januari 1928 bonde hili lilitikiswa na tetemeko lenye ukubwa wa 6.9, kubwa kuliko lolote lililowahi kupimwa Kenya. Barabara imejibandika hapo kwa kona, upande mmoja udongo, upande wa pili hewa tupu hadi kwenye mahindi ya watu. Katikati ya kona moja injini yangu ilinyamaza. Haikukohoa, haikutoa moshi, haikuaga. Redio iliendelea kusoma matangazo ya vifo. Taa zote za dashibodi ziliwaka kwa pamoja, usukani ukawa mzito ghafla, na nyuma yangu likasimama basi, na nyuma ya basi hilo basi, na kuendelea hivyo mpaka macho yalipokoma.

Niligeuza ufunguo. Stata ilizunguka, lakini ilizunguka kwa wepesi wa ajabu, ikipiga mluzi, bila ule mkwamo wa injini inayobana hewa ndani ya silinda. Fundi yeyote akisikia mluzi ule hana haja ya kufungua boneti. Anaanza tu kukuuliza una akiba kiasi gani. Lakini pale hapakuwa na fundi, palikuwa na mahujaji, na Mkenya yeyote aliyesimamishwa barabarani ni mtaalamu wa kitu kilichomsimamisha. Dereva wa basi alisema ni pampu ya petroli. Katekista alisema ni plagi. Kijana wa boda boda, bila hata kuzima pikipiki, alisema shida ni mimi. Mama mmoja aliyekuwa ametoka kwenye mkesha alinyunyizia boneti maji ya baraka, akasubiri kidogo, akaongeza.

Kisha ikaamuliwa, sijui na nani, kwamba gari lisukumwe. Kwa kuwa kulisukuma kupanda kungehitaji imani kubwa kuliko ile waliyokuja nayo, waliligeuza likatazama Subukia mjini, na msafara ukaanza kuteremka. "Tia gia ya pili! Likishika kasi, achia klachi!" Nikaachia. Ndani ya injini ukatoka mlio mmoja, mfupi, mkavu, wa chuma kugonga chuma. "Inataka kushika!" wakashangilia, wakasukuma tena kwa nguvu mpya na wimbo mpya. Nikaachia tena. Mlio tena. Hakuna aliyejua, wala mimi, kwamba kila ubeti ulikuwa unaniongezea bili. Punda aliyebeba madumu ya maji alitupita akipanda, akanitazama hivyo hivyo punda wanavyotazama, akaendelea na shughuli zake. Mwishowe trekta lililosheheni kabichi likanifunga kamba ya katani na kunikokota hadi gereji, na kwaya ikarudi kwenye basi lake ikiwa imejaa vumbi na furaha ya tendo jema.

Fundi aliondoa kava la plastiki ubavuni mwa injini, akaingiza vidole viwili, akavuta kitu na kukiweka kiganjani mwangu. Kilikuwa mkanda mweusi wa mpira, upana kama wa utepe wa kupimia wa fundi cherehani, wenye meno upande wa ndani. Sehemu ndefu ya meno hayo ilikuwa imenyolewa ikabaki laini. Mahali ulipokatikia, nyuzi nyeupe zilikuwa zimechomoza, nyembamba kuliko nywele. "Huu ndio taimingi, mkubwa," alisema. Mafundi wa kwetu huanza kukuita mkubwa pale habari inapokuwa mbaya.

Sasa, kitu hiki kilinipa usingizi mbaya kwa sababu mbili, na ya kwanza ni kwamba ni kizuri mno. Chini ya injini kuna krankishafti, inayozungushwa na pistoni. Juu kuna kamshafti, inayofungua na kufunga valvu, milango ya kuingizia hewa na kutolea moshi. Krankishafti ikizunguka mara mbili, kamshafti lazima izunguke mara moja kamili, isipungue wala isizidi. Kazi ya mkanda ni hiyo tu: kuhakikisha huyu wa chini na yule wa juu hawapoteani hata kwa jino moja. Chukua gari linalokwenda kilomita 80 kwa saa, injini ikizunguka mara 2,500 kwa dakika. Likimaliza kilomita 100,000 krankishafti imezunguka zaidi ya mara milioni 187, na mkanda umehesabu kila mzunguko bila kulala. Sijui mtumishi mwingine wa aina hiyo katika kaunti hii.

Katika injini nyingi pistoni na valvu ni wapangaji wa ploti moja wanaotumia bafu moja. Mmoja akitoka, mwingine anaingia, na mkanda ndiye kereteka mwenye ratiba. Siku kereteka anapoanguka, wa chini hana habari, anapanda tu kwa kasi ile ile, na kumbe wa juu bado yuko ndani na mlango uko wazi. Valvu hupinda. Pistoni ikikosa bahati hutoboka. Na ukilisukuma gari hilo mteremkoni ukaachia klachi, unawalazimisha waingie bafuni pamoja tena na tena, kwa nyimbo. Ziko injini zenye bafu mbili. Zile za Toyota za miaka ya tisini, 4A-FE na 5A-FE zilizojaa kwenye Corolla, ziliachiwa nafasi: mkanda ukikatika unasimama, unavutwa, unafungiwa mpya, unaenda nyumbani. EJ20 ya Subaru, ambayo vijana wa Nakuru huipigisha kelele usiku, haina nafasi hiyo. Gari langu sitalitaja, lina jamaa zake wengi barabarani, ila halikuwa na bafu mbili.

Mkanda wa meno haukuanzia kwenye magari. Ulibuniwa Marekani miaka ya 1940 kwa ajili ya cherehani za Singer, ili sindano ya juu na bobini ya chini zisikosane. Gari la kwanza kutoka kiwandani nao lilikuwa Glas 1004 la Ujerumani, mwaka 1962. Kabla ya hapo ilikuwa minyororo na gia. Mkanda ulipendwa kwa kuwa ni bei rahisi, hauna kelele, na hautaki oili. Toyota baadaye ilirudi kwenye mnyororo kwa magari mengi, ndiyo maana mwenye Probox hutusikiliza sisi wengine tukilia huku akitafuna muguka. Asijisahau: mnyororo nao huharibika, hasa kwa mtu anayebadilisha oili akikumbuka. Angalau wenyewe hupiga kelele kabla ya kufa.

Mkanda haupigi kelele, na hiyo ndiyo sababu ya pili. Hapo ndipo ubaya wake wote ulipo. Breki hulia, betri huchoka asubuhi, tairi huonyesha waya. Mkanda hufanya kazi sawasawa mpaka jino la mwisho. Huwezi kuusubiri uonyeshe dalili. Unaubadilisha kwa hesabu, ungali mzima, na mke wako akuulize kwa nini unatupa kitu kizima. Kwa magari mengi ya Kijapani hesabu hiyo ni kilomita 100,000, kwa mengine chini ya hapo au juu, na kitabu cha gari ndicho chenye neno la mwisho. Tena kuna hesabu ya pili, ya miaka, na inayotangulia kufika ndiyo inayoshika, maana mpira huzeeka hata gari likiwa limesimama chini ya mwembe. Oili ikiuvujia kutoka kwenye sili ya kamshafti, hesabu zote hizo zimekufa. Na ukishafungua kubadilisha mkanda, badilisha tensheni na beringi zake, na sili, na pampu ya maji kama inazungushwa na mkanda huo huo. Kazi ya kufika pale ni ile ile. Pampu ikija kukwama mwezi ujao itaung'oa mkanda mpya. HiAce za dizeli huwa na taa ya dashibodi iliyoandikwa T-BELT, inayowaka kilomita zikitimia. Nimeonyeshwa moja ambayo balbu yake ilitolewa ili isimsumbue dereva.

Basi tufanye hesabu, nikamwambia fundi. Dashibodi ilisoma kilomita 91,000. Nilikuwa bado na 9,000 za halali! Fundi hakujibu. Alifuta vumbi kwenye kibandiko kidogo kilichokuwa ndani ya boneti, chenye maandishi ya Kijapani, na akamwita kijana wake aje na simu.

Kibandiko kile nilikuwa nakifahamu vizuri. Aliyeniuzia gari alinionyesha kwa fahari. Gereji za Japani zikibadilisha mkanda hubandika karatasi ya namna hiyo, tarehe na kilomita, na hii ilikuwa na tarehe inayoanza na 20. "Unaona? 2020. Mkanda bado mbichi." Kwamba gari lilikuwa limeingia Kenya kitambo kabla ya hapo, na kwamba Bonde la Ufa zima halina gereji inayoandika risiti kwa Kijapani, hilo halikumpunguzia sauti hata kidogo. Kijana wa fundi aliielekeza simu yake kwenye karatasi. Wajapani huhesabu miaka kwa utawala wa mfalme wao. Ile 20 ilikuwa mwaka wa 20 wa Heisei, yaani 2008. Mkanda ulifungwa Kibaki akiwa Ikulu, ukahudumu kwa uaminifu enzi zote za Uhuru, ukakatika chini ya Ruto. Na kilomita zilizoandikwa siku ile ya 2008 zilikuwa 98,700.

Fundi alitazama karatasi, akatazama dashibodi. "Mkubwa, hili gari limekuwa likitembea kinyumenyume."

Hapo ucheshi uliniishia, na haujarudi wote. Tuna sheria kwamba gari la mtumba lisiingie nchini likiwa limepitisha miaka minane. Vizuri. Cheti cha kulisafirisha kutoka Japani huonyesha hata kilomita zilizosomwa kwenye ukaguzi. Ukweli unavuka bahari yote ya Hindi ukiwa mzima, ndani ya bahasha, na unakuja kufia mikononi mwa watu wetu wenyewe, kati ya bandari na kibao cha "gari la mama, lilikuwa la kwenda kanisani tu." Anayerudisha kilomita nyuma haibi pesa peke yake. Amekunyang'anya kitu pekee ambacho kingekuambia mkanda wako una umri gani, kisha anakuacha upande nao mlima, nyuma yako basi la watoto wa kipaimara. Mkanda ungekatikia kwenye mteremko, breki zikipoteza msaada wa injini na usukani ukigeuka jiwe, hadithi hii angekuwa anaisimulia mtu mwingine, kwa suti nyeusi. Na hakuna aliyewahi kumuuliza mwuzaji swali. Nilipompigia simu alisema gari lilitoka kwake likiwa zima, nimwombe Mungu. Nilimweleza kwamba hilo lilishafanyika, kwa sauti nne.

Hedi ya injini ilifunguliwa. Valvu kumi na sita, nusu yake zimepinda. Bili ilimeza bei ya mkanda mara nyingi kiasi kwamba fundi aliiandika kwa penseli. Nilipokuwa nikisubiri, kioo cha pembeni kiliibwa. Gari lilipotoka, betri ilikufa. Tairi la akiba lilikuwa la gari jingine.

Nimeamua kuliuza. Dalali alikuja jana, akalizunguka, akapiga teke magurudumu, akakaa ndani. Nilimweleza ukweli: mkanda mpya, pampu mpya, hedi imefanyiwa kazi, na kilomita halisi ni zaidi ya hizo, pengine mara mbili. Alinisikiliza kwa huruma.

"Tatizo lako unaongea sana, bosi," alisema. "Hata hizi 91 ni nyingi. Kuna kijana hapo Nakuru ana laptopu, anaiteremsha hadi 60 ukinywa chai. Na hicho kibandiko cha Kijapani usikibandue. Wateja wanakipenda."