Santuri Iliyoanikwa Juani

Hapa Chang'ombe, Dodoma, vumbi halibishi hodi. Kipupwe kikiingia na upepo wake, utalikuta kwenye chai, kwenye mashuka na ndani ya mifereji ya santuri. Ndivyo shangazi, aliyekuja kutusalimia kutoka Kondoa, alivyoikuta santuri ya "Sina Makosa", wimbo wa bendi ya Les Wanyika, imejaa vumbi. Kwa nia njema akaiosha kwa sabuni ya unga, akaianika juu ya bati la banda la kuku, jua la saa saba.

Baba aliporudi, santuri ilikuwa imejikunja ukingoni kama chapati. Hakufoka. Aliishika pembeni kwa viganja asiguse mifereji, akaigeuza taratibu.

"Kaka, nilitaka kukusaidia," shangazi akasema.

"Najua, dada. Tutafute dawa."

Nyumba ikawa baraza. Mjomba akashauri, "Shemeji, weka sarafu ya mia juu ya kichwa cha sindano, haitaruka."

"Sindano ikilemewa inakwangua mifereji," baba akamjibu. "Leo utasikia wimbo, baadaye utasikia mikwaruzo."

Kaka yangu akatoa simu, akaupiga wimbo uleule. Baba akasikiliza hadi mwisho, kisha akauliza, "Besi iko wapi?"

Swali lake lilikuwa la haki. Spika ya simu ni ndogo mno, haiwezi kusukuma hewa inayohitajiwa na sauti nzito. Sauti ya mwimbaji na gitaa la solo la John Ngereza vilisikika. Besi ya Tom Malanga ilikuwa imemezwa. Na wimbo huu umejengwa juu ya besi hiyo. Wanamuziki waliojitoa katika bendi ya Simba Wanyika wakaanzisha Les Wanyika jijini Nairobi mwaka 1978 walijua kupishana: besi inatembea, gitaa la kati la Omar Shabani, "Profesa", linajaza mapengo, solo inaingia kwa zamu yake. Hakuna anayemkanyaga mwenzake. Ndiyo maana wazazi wetu waliucheza, na sisi bado tunauomba.

Mama ndiye aliyepata dawa. Alichukua vioo viwili vilivyobaki dirisha lilipotengenezwa, akaibana santuri katikati, akaipa jua kidogo, kisha akaiweka kivulini chini ya vitabu vizito hadi asubuhi.

Ilipowekwa kwenye sahani ya gramafoni ilikuwa ingali ikiyumba, na sauti ikapepea kidogo kila ilipozunguka, mara 45 kwa dakika. Lakini sindano haikuruka. Besi ikatoka kwenye spika za mbao, glasi za kabatini zikatetemeka, shangazi akafunga khanga kiunoni. Jirani akachungulia juu ya ukuta akiomba wimbo urudiwe.

Msomaji, kama kwenu kuna santuri, isimamishe wima ndani ya jalada lake, mbali na dirisha, na uifute kwa kitambaa laini kikavu. Halafu ita watu wa nyumbani, mkae, muusikilize wimbo pamoja na besi yake.