Gego la Sultani

Harufu ilianzia jikoni. Shangazi, ambaye kwa pua yake hakubali kupingwa, alitangaza kwamba kuna panya amefia nyuma ya friji. Tukaivuta friji. Tukavuta na kabati, tukafua mapazia, tukamhoji kijana wangu habari za soksi zake mpaka akasusa chakula. Muda wote huo Sultani, paka wetu, amejilaza juu ya meza akisimamia kazi. Ndipo akapiga mwayo, usoni kwa Shangazi.

Paka akiumwa hasemi. Sultani alikuwa anakula kama kawaida, ila kichwa amekiinamisha upande mmoja, nasi tukadhani ni maringo. Jirani akashauri tumsagie panadoli. Bahati nzuri tulimpigia kwanza daktari wa mifugo, akang'aka mpaka simu ikakoroma: kidonge kimoja tu chaweza kumuua paka, maana ini lake haliiwezi dawa hiyo.

Kliniki, daktari alimfunua midomo akatuonesha ukoga wa kahawia ulioganda kwenye magego, fizi nyekundu, na gego moja lililoliwa pale linapoingia kwenye ufizi. Paka mzima ana meno 30, mbwa 42, na likitakiwa kung'olewa hata moja, lazima mnyama alazwe kwa dawa ya usingizi. Lile gego kubwa la juu lina mizizi mitatu. Halivutwi tu kwa koleo; hukatwa vipande kwa mashine, kila mzizi ukatolewa peke yake. Nilisikiliza yote hayo nimeshika shavu, kwa sababu na mimi ninalo gego lililotoboka, ninalilea kwa karafuu na maji ya chumvi tangu masika. Hakuna aliyeniuliza.

Sharti lilikuwa moja: asile kitu usiku, asije akatapika akiwa usingizini matapishi yakaingia mapafuni. Sultani akalia usiku kucha mlangoni kwa Shangazi. Asubuhi daktari akauliza kama amekula. Sote tukasema hapana. Sultani akatapika dagaa, mzima, na kichwa chake. Shangazi akawa anatazama dirishani. Tukapangiwa siku nyingine, na usiku wake paka akalala chumbani kwangu, ufunguo nikauweka chini ya mto.

Bili siitaji, mwenye nyumba wangu naye anajua kusoma.

Sultani alirudi bado amelewa dawa, anajigonga kwenye miguu ya viti kisha anavikodolea macho, kana kwamba viti ndivyo vilivyomfuata. Watoto wakaomba vipande vya gego, wakavirusha juu ya bati ili aote jipya. Kwa kuwa aliandikiwa chakula laini, Shangazi alimchambulia samaki miiba kwa mkono wake, heshima ambayo marehemu mumewe hakuwahi kuipata. Hazikupita siku nyingi Sultani akarudia dagaa wake. Paka kwa kawaida hatafuni sana, hukata na kumeza.

Gego langu likachagua wiki hiyohiyo kuvimba. Nikamweleza Shangazi kwamba hela ya daktari wa meno imeishia kwa Sultani. Akanitazama shavu kwa huruma ya kweli, akaenda kabatini, akarudi na ile chupa ya dawa ya maumivu ya Sultani iliyobaki pamoja na kibomba chake cha sindano. Akavaa miwani, akasoma kipimo polepole.

"Mwanangu," akaniuliza, "una kilo ngapi?"