Barua ya Wazi kwa Mheshimiwa Soko la Dunia

YAH: KUOMBA BEI YA UNGA WA NGANO ISHUKE KWA MWENDO ULE ULE INAOPANDIA

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu.

Shikamoo, Mheshimiwa. Nilisita kidogo kukuamkia, maana mkubwa huamkiwa uso kwa uso na wewe sijawahi kukuona. Lakini nimesoma kwamba soko lako la nafaka la Chicago lilianzishwa mwaka 1848, Seyyid Said akiwa bado anatawala Unguja. Mzee wa umri huo huamkiwa hata akiwa ng'ambo ya bahari, hata asipoitikia.

Mimi ni mla chapati wa Temeke. Cheo kingine sina. Kwa miaka mingi nimeanza siku yangu kwa chapati mbili na chai ya rangi kwa mama mmoja jirani yetu, ambaye saa kumi alfajiri huwa tayari amekaa na beseni katikati ya miguu, anakanda unga kwa maji ya moto. Jina lako nililisikia kwake kwanza. "Soko la Dunia limepanda, baba," aliniambia mwezi wa Machi 2022, kwa sauti ile ile anayotumia kusema maji yamekatika. Nikamuuliza limepanda nini. Akanitazama kama mtu aliyetoka usingizini. "Limepanda tu."

Tangu siku hiyo nimekufuatilia, Mheshimiwa, kwa kifaa pekee nilichonacho, yaani rula ya shule ya mwanangu. Chapati ya mama huyu ilikuwa ikiifunika sahani ya bati mpaka ukingo unaning'inia. Nilipoipima ilikuwa sentimita 22 kutoka upande hadi upande. Miezi michache baadaye ilikuwa 17, na sahani inaonekana pande zote, maua yake na kutu yake. Bei haikuguswa. Ilikuwa shilingi 300 ikabaki shilingi 300, kwa sababu wateja wake ni bodaboda na wapiga debe, watu ambao mia tatu wanayo na mia tano hawana. Nami nikajisemea, basi, sentimita tano ni nini? Mwanangu wa kidato cha pili akachukua kalamu, akanikokotolea eneo la duara, akanionyesha kwamba asilimia 40 ya chapati yangu haipo. Ada ya shule ina faida zake, lakini siku hiyo niliijutia.

Naomba sasa nikusifu, kwa sababu barua ya malalamiko isiyo na sifa huwa haisomwi. Kasi yako ya kupanda ni ya ajabu. Vita vya Ukraine vilianza tarehe 24 Februari 2022. Russia na Ukraine kwa pamoja zilikuwa zikitoa zaidi ya robo ya ngano yote inayouzwa nje duniani, kwa hiyo nakubali, ulikuwa na haki ya kushtuka. Mapema Machi busheli moja ya ngano, ndicho kipimo chao, ilipita dola 13 huko Chicago. Na kabla Machi haijaisha ulikuwa umeshafika Temeke. Mvua ikinyesha daladala hazifiki kwetu, lakini wewe ulifika.

Nilikwenda dukani mwenyewe kuhakikisha. Mwenye duka la jumla, ambaye simtaji kwa kuwa bado nakopa kwake, alikuwa amepanga viroba vya kilo 25 hadi darini. Bei ilikuwa imebadilishwa kwa kalamu nyekundu, ya zamani imekatwa, mpya imeandikwa juu. Nikainama kusoma mhuri chini ya kiroba. Unga ulikuwa umesagwa Januari! Ule unga ulisagwa vita havijaanza, ulipakiwa vita havijaanza, ukaja Temeke ukakaa kimya juu ya chaga lake, na bado risasi ya kwanza ilipolia Ukraine wenyewe ukajeruhiwa. Nilimwonyesha mwenye duka ule mhuri. Akasema, "Mzee, huu ni mzigo mpya."

Nikanyamaza. Aliyeshika kalamu ni yeye.

Kilichofuata unakijua kuliko mimi. Mei mwaka huo India ilifunga mlango, ikakataza ngano yake kuuzwa nje. Kisha tarehe 22 Julai ukatiwa saini Istanbul ule mkataba wa kuruhusu meli za nafaka kutoka bandari za Ukraine kupita Bahari Nyeusi, na Agosti bei ya Chicago ilikuwa imerudi pale ilipokuwa kabla ya vita. Russia ilijitoa katika mkataba huo Julai 2023, watu wakashika vichwa, lakini wewe ukaendelea kushuka. Mwaka 2024 uliisha busheli ikiwa chini ya dola 6, yaani pungufu ya nusu ya ile ya Machi 2022.

Nilikwenda tena dukani. Safari hii nilivaa koti. Nikamweleza mwenye duka habari za Istanbul, za Bahari Nyeusi, za busheli, nikamwonyesha na picha za mistari kwenye simu jinsi inavyoteremka. Alinisikiliza kwa adabu zote, akaninunulia na soda. Kisha akaweka mkono juu ya kiroba kama mtu anayeapa, akasema, "Mzee, huu ni mzigo wa zamani. Tuliununua ghali."

Hapo ndipo nilipoelewa elimu yako, Mheshimiwa. Ukipanda, unga wa Januari ni mzigo mpya. Ukishuka, unga wa jana ni mzigo wa zamani. Bibi zetu walitufundisha kwamba haba na haba hujaza kibaba. Hawakutuambia kwamba kwa njia hiyo hiyo kibaba hukombwa.

Nimejitahidi kutafuta ofisi yako ili nilete malalamiko kwa mkono. Wengine wananielekeza Geneva, ambako wafanyabiashara wa nafaka ya dunia wana ofisi zao katika nchi isiyo na pwani hata moja. Wengine Novorossiysk, kwenye Bahari Nyeusi, bandari inayopakia ngano nyingi ya Russia, na Russia ndiyo inayoongoza duniani kwa kuuza ngano nje. Wanaojua mambo ya unga uliokwishasagwa wananiambia niende Uturuki, kwa sababu Waturuki wananunua ngano ya wenzao, wanaisaga, na hakuna nchi inayowazidi kwa kuuza unga nje. Lakini wengi wananirudisha Chicago. Na huko nimeambiwa kwamba juu kabisa ya jengo lako la ghorofa zaidi ya arobaini, lililokamilika mwaka 1930, imesimama sanamu ya Ceres, mungu wa kike wa nafaka wa Warumi wa kale. Mkono mmoja ameshika ngano, mwingine mfuko wa mahindi. Na hana uso. Mchongaji wake, John Storrs, aliona haina haja, kwa kuwa hakukuwa na jirani mrefu wa kutosha kumwona. Niliposoma hayo niliacha kutafuta anwani.

Ndani ya soko hilo, mkataba mmoja wa ngano ni busheli 5,000. Busheli sisi hatuijui, lakini kwa kipimo cha zamani cha pwani ni kama pishi kumi. Mkataba mzima ni tani 136. Tukizisaga, tukawapa ng'ombe pumba zao, tunabaki na unga wa tani mia moja na ushei, nao kwa kiganja cha mama jirani, kile cha enzi za sentimita 22, unatoa chapati zaidi ya milioni moja na laki mbili. Kijana mmoja mwenye kompyuta anaweza kuzinunua chapati hizo zote asubuhi akaziuza kabla ya chakula cha mchana, bila kuona punje, bila unga kumgusa suruali. Walio wengi hawangoji siku ya kupokea mzigo. Na kinachonichekesha zaidi, ngano inayopangiwa bei pale ni hasa ile laini, ya biskuti na keki. Chapati yangu inapimwa kwa keki ya mtu mwingine.

Sikusudii kukubebesha kila kitu. Mama alinilea vizuri. Mwenye kiwanda hununua ngano miezi kabla ya kuisaga, kwa hiyo mzigo wa zamani upo kweli, ingawa sidhani kama huishi miaka miwili. Dola nayo ilitupiga: mwaka 2022 ilikuwa kama shilingi 2,300, na mwaka 2024 ikafika 2,700, na kwa muda ilikuwa adimu hata kwa aliye na shilingi mkononi. Kuanzia mwishoni mwa 2023 meli zilianza kushambuliwa Bahari ya Shamu, njia ambayo ngano ya Bahari Nyeusi huipita kuja kwetu, na gharama za usafiri zikapata sababu mpya. Ukiweka hayo yote kwenye mizani, sehemu fulani ya bei ya Temeke ina maelezo. Ninachotaka kujua ni sehemu gani haina. Hakuna anayeniambia, kwa sababu ukitajwa wewe tu, maswali yanaisha.

Na hapo ndipo unapotumika vibaya, Mheshimiwa, pengine bila wewe kujua. Nchi yetu inahitaji ngano takribani tani milioni 1 kwa mwaka, na tunayovuna wenyewe ni kama moja ya kumi tu. Si kwamba hatukujaribu. Tangu miaka ya 1970 Canada ilitusaidia kufungua mashamba makubwa ya ngano Hanang, kwenye nyanda za Basotu, yenye matrekta na mashine za kuvunia ambazo watoto walikuwa wakizifukuza kama sarakasi. Wabarbaig waliokuwa wakichunga pale wakapoteza malisho, kesi zikaenda hadi Mahakama ya Rufani. Malisho yakaenda na ngano haikututosha. Kwenye ushuru nako, Afrika Mashariki iliandika asilimia 35 kwa ngano ya nje, halafu kwa miaka mingi imekuwa ikitoa ruhusa ya kutoza 10, kwa sababu ngano ya kulinda haina mavuno ya kutosha na ya kula haingoji. Yote haya ni mambo ya nyumbani, lakini akisimama mtu mbele ya kipaza sauti husikii Basotu wala ushuru. Unatajwa wewe, kisha watu wanapiga makofi wanaenda chai.

Wapo waliokuandikia kabla yangu kwa wino mwingine. Septemba 2010, baada ya ukame kuunguza mashamba ya Russia na Russia kuzuia ngano yake isitoke, Maputo walikuandikia kwa matairi ya moto. Watu walikufa, na serikali ikarudisha nyuma bei ya mkate. Juni 2024 majirani zetu Wakenya walikataa mkate kutozwa VAT ya asilimia 16, nayo ikaondolewa kwenye muswada kabla muswada wenyewe haujazikwa wote. Mimi ni mtu wa barua. Magoti yangu hayaruhusu maandamano.

Ombi langu ni dogo. Kila Jumatano ya kwanza ya mwezi, EWURA, mamlaka ya kudhibiti nishati na maji, hutangaza bei kikomo ya petroli na dizeli. Sisemi petroli ni rahisi. Muulize bodaboda yeyote. Lakini Jumatano ile watu husikia soko la dunia lilikuwaje, dola ilikuwaje, na bei ikishuka hushuka siku hiyo hiyo, na hakuna mwenye kituo anayesema pampu yake ina mzigo wa zamani. Vibao hubadilishwa usiku ule ule. Kwa hiyo tunajua kwamba wewe kushuka unaweza, Mheshimiwa. Tena una ratiba.

Siombi unga upangiwe bei. Nchi hii imeshapanga bei za vitu vingi na vikaenda kujificha uvunguni. Naomba itangazwe tu, hadharani, kwa shilingi na kwa kilo: ngano iliyoshuka bandarini mwezi huu ilinunuliwa kiasi gani, dola ilikuwa ngapi, meli imekula kiasi gani, ushuru kiasi gani. Kinachobaki, mimi na mwenye duka tutaongea wenyewe juu ya kiroba chake, na nitakwenda na rula.

Nakala ya barua hii nawapelekea wote wanaokutaja kila siku na hawajawahi kukuuliza chochote, na ombi kwao ni lile lile: unga nao upewe Jumatano yake.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Mla Chapati,
Temeke, Dar es Salaam

N.B. Asubuhi ya leo, sentimita 17.