Damu ya Mjomba

Mbwa wa jirani alipita getini wakati mwenye mkokoteni wa maji anashusha madumu. Ilikuwa saa kumi na moja jioni. Watoto wako madrasa, Mama mkwe anachambua mchicha barazani, na Mjomba ametoka chini ya mwembe kufuata maganda ya tikiti aliyowekewa. Nilimsikia Mama akipiga ukelele ambao sijawahi kumsikia akiupiga, nikatoka jikoni na mwiko mkononi. Mbwa alikuwa amemgeuza Mjomba chali, amemng'ang'ania pembeni mwa gamba upande wa mguu wa nyuma, anatafuna.

Mjomba ni kobe. Watoto ndio waliomwita hivyo kwa kuwa alikuja na upande wangu: alikuwa wa babu mzaa mama, Pangani, na babu alipofariki nikakabidhiwa yeye pamoja na kibali chake cha kufugwa, kimekunjwa ndani ya bahasha ya kaki. Ni wa jamii yenye madoa meusi na manjano mgongoni, inayopatikana nyikani kuanzia huku kwetu hadi Afrika Kusini. Wageni wetu wengi hudhani ni mtoto wa wale makobe wakubwa wa kisiwa cha Changuu, Zanzibar. Sivyo. Wale asili yao ni Shelisheli, waliletwa mwaka 1919, na huyu wetu hata ale vipi hatafika ukubwa wao. Ana kilo nane kwa mizani ya dukani.

Baba watoto alimmwagia mbwa ndoo ya maji, mbwa akaachia. Tukamgeuza Mjomba taratibu, akarudi kwenye miguu yake, akavuta kichwa ndani na kupumua kwa nguvu. Hapo ndipo tulipoiona damu. Ilikuwa inatoka mahali pawili: kwenye paja la nyuma, palipotobolewa na meno, na kwenye ukingo wa gamba lenyewe. Gamba la juu, lile gumu lenye rangi, lilikuwa limebanduka kwa upana wa vidole viwili. Chini yake ulionekana mfupa mweupe, na kwenye mfupa ule damu ilikuwa inachomoza tone kwa tone, tukifuta inachomoza tena.

Msaidizi wetu wa kazi alisema, "Kumbe nyumba ya kobe inatoa damu!" Alilosema ndilo wengi wanaloamini, kwamba kobe amevaa nyumba na ndani ya nyumba yumo mnyama. Gamba ni mwili wake. Ni mbavu na uti wa mgongo vilivyoungana na kutanuka, vikafunikwa juu na tabaka la kitu kilekile kinachofanya kucha zetu. Lina mishipa ya damu na lina mishipa ya fahamu. Ukilikwangua anahisi, likivunjika anaumwa kama mtu aliyevunjika mkono. Sijui ni makobe wangapi wamekufa kwa sababu mwenye nyumba aliona ufa gambani akasema, aah, hilo ni gamba tu.

Sasa nyumba nzima ikawa ya matabibu. Mama mkwe aliingia ndani akatoka na kopo la kahawa ya unga. "Kahawa ndiyo dawa ya kidonda, sisi tumekua nayo." Kijana wa jirani, mwenye mbwa, alikuja mbio na uso umemshuka, mkononi ana chupa ya spiriti. Fundi seremala wa mtaa wa pili, ambaye alikuwa anapita tu, alitazama gamba akatikisa kichwa akasema ana gundi ya epoksi, ataliziba sasa hivi na halitafunguka tena maisha. Na mzee mfuga mbuzi wa nyumba ya nyuma alituletea dawa yake ya minyoo, ileile ivermektini anayowachoma mbuzi, akisema mbwa ana wadudu wengi, mchomeni kidogo tu.

Wote hawa walikuja kwa mapenzi. Sikuona hata mmoja aliyekuja kutazama kiroja. Lakini kila walichokishika mkononi kingemwongezea Mjomba madhara, na kimoja kingemuua.

Wifi yangu ndiye aliyeishika nyumba. Ni muuguzi mstaafu, amefanya kazi wodi ya majeruhi miaka mingi, na sauti yake haipandi. Alisema, "Mama, kahawa yako iweke, tutainywa. Leteni shuka jeupe lililofuliwa." Akalipasua vipande. Alitaka jeupe ili damu ionekane imetoka kiasi gani, na hakutaka pamba kwa sababu nyuzi zake hunasa kwenye jeraha. Akavaa glavu, akanivisha na mimi. Akakikunja kitambaa, akakiweka kwenye mfupa unaotoa damu, akanishika kiganja na kukikandamiza juu yake. "Wifi, bonyeza hapa, usiachie hata ukiitwa. Usifunue kuchungulia." Yeye akabonyeza paja.

Kutochungulia ndiko kugumu. Damu ya reptilia huganda polepole kuliko ya mbuzi au ya mtu, na kila unapofunua kitambaa unakibandua kigaga kilichokuwa kinaanza, unaanza upya. Wifi alitupia jicho saa ya ukutani na kusema dakika kumi kamili kabla ya mtu kugusa. Kitambaa kikilowa, ongeza kingine juu yake, cha chini usikitoe. Kamba ya kufunga mguu kwa juu, ambayo Baba watoto alishaitafuta, aliikataa, kwa sababu hukata damu ya mguu mzima na mguu unaweza kufa.

Tukiwa tumeinama hivyo, Mama akauliza lililokuwa moyoni mwa wote: damu yote ile, atapona? Damu ya kobe ni kati ya asilimia 5 na 8 ya uzito wake. Kwa kilo nane ni kama nusu lita, ikizidi kidogo. Mnyama mwenye afya anaweza kupoteza sehemu moja ya kumi ya hiyo bila kuathirika sana, nayo kwa Mjomba ni ujazo wa kikombe kimoja cha kahawa, vile vidogo vya barazani. Vitambaa vyetu vilikuwa vimelowa chini ya hapo. Mama akashusha pumzi, akaketi kwenye mkeka, akaanza kumsomea.

Damu iliposimama, tukaosha. Wifi alichemsha maji, akayaacha yapoe, akatia chumvi gramu tisa kwa lita moja, yaani kama kijiko kimoja na nusu cha chai, cha kusawazishwa, kwa chupa ya lita moja, akayapitisha taratibu kwa bomba la sindano lisilo na sindano. Kisha ayodini ya dukani, lakini si vile ilivyo chupani. Aliizimua kwa maji mpaka ikawa na rangi ya chai ya rangi, akapaka kingo. Spiriti ilirudi na mwenyewe, kwa sababu huchoma nyama hai na kuchelewesha kupona. Kahawa nayo hubaki jerahani ikawa uchafu wa kulea vijidudu. Kuna unga unaoruhusiwa, ule wa wanga, nao ni kwa ukucha uliokatika ukatoka damu: unachovya ncha ya kidole, basi. Jeraha lenye shimo halitiwi unga wa aina yoyote.

Fundi hakuridhika kuhusu gundi, na hoja yake ilikuwa na asili. Zamani hata madaktari wa wanyama walikuwa wakiziba nyufa za magamba kwa epoksi. Waliacha kufanya hivyo kwenye majeraha mabichi walipoona kwamba wanawafungia bakteria ndani, na mdomo wa mbwa una bakteria wa kutosha. Mfupa unaoza chini ya kiraka kinachong'aa, na mwenye kobe hana habari.

Mzee wa mbuzi nilimjibu mwenyewe, kwa adabu. "Shikamoo Baba, tunashukuru sana. Lakini dawa hii kwa kobe ni sumu." Akashangaa, na ana haki ya kushangaa, maana inawaponya mbuzi wake, na watu pia hupewa. Kwa kobe na kasa, ivermektini hupenya hadi kwenye ubongo, humpooza misuli, na anaweza kufa kwa kushindwa kupumua. Nawaomba wafugaji mlishike hili hata msiposhika lingine. Panado na dawa nyingine za maumivu za binadamu pia ziacheni kabatini.

Msaidizi alitaka kumwosha Mjomba kwenye sinki la jikoni apate kutakata. Wifi alikataa mara moja. Makobe wengi hubeba salmonela tumboni wakiwa wazima kabisa, na sinki lile ndilo tunalooshea mchicha. Beseni la nje likatosha, na sote tukanawa kwa sabuni mpaka kwenye viwiko. Kuhusu kichaa cha mbwa, kobe haugui, ugonjwa ule ni wa wanyama wanaonyonyesha. Lakini mate ya mbwa yaliyoko kwenye jeraha yakigusa mkono wenye mkato, hilo ni jambo la hospitali. Kijana alituletea kadi ya chanjo ya mbwa wake bila kuulizwa, na nilimheshimu kwa hilo.

Ndipo tukamlaza. Sanduku la katoni, chini magazeti, si mchanga wala majani makavu. Chupa ya maji ya moto iliyofungwa kwenye khanga upande mmoja tu, ili akizidiwa na joto asogee. Kobe hana joto lake mwenyewe. Akiwa baridi, kinga yake ya mwili inalala pamoja naye, na dawa haifanyi kazi ipasavyo. Baba watoto alikuwa anafikiria kumweka juani kesho yake, lakini jua la Tanga humpika mgonjwa asiye na nguvu za kukimbilia kivulini. Mjomba alikaa chumba cha uani, pakiwa kimya na giza, na juu ya sanduku tukatandaza chandarua. Chandarua kile kilikuwa na kazi yake: nzi akitaga kwenye jeraha jioni, kesho yake una funza ndani ya nyama.

Hatukumlisha usiku ule, wala hatukummiminia maji mdomoni.

Asubuhi daktari wa mifugo alifika. Kazi zake nyingi ni ng'ombe na mbwa, lakini aliwahi kutibu makobe na alikuwa ameshazungumza na mwenzake anayewajua zaidi. Jambo la kwanza alilofanya ni kuinamisha uso karibu na ukingo uliobanduka na kukaa hivyo akitazama, huku Mjomba akipumua. Alikuwa anatafuta povu. Mapafu ya kobe yako juu, yamegusana na dari la gamba, na hana kiwambo kinachoyatenga na tumbo kama tulicho nacho sisi. Jeraha la mgongoni likitoa vipovu kila anapovuta hewa, basi pafu limetobolewa. La Mjomba lilikuwa ukingoni, halikutoa povu lolote.

Alisafisha, akaondoa vipande vya mfupa vilivyokufa, akashona paja, akaacha gamba wazi chini ya shashi ya kubadilishwa kila siku. Sindano ya antibiotiki aliipiga mguu wa mbele. Mama akauliza mbona kidonda kiko nyuma. Damu inayotoka sehemu ya nyuma ya kobe inaweza kupitia kwenye figo kwanza, akaeleza, kwa hiyo dawa ikichomwa huko inaweza kutolewa kabla haijafika kazini, au ikaumiza figo. Sindano nyingine zilikuwa kila baada ya saa 72, maana mwili wa kobe huitoa dawa polepole mno.

Hayo yalikuwa ya mwaka jana. Paja limefunga. Gamba bado linajijenga, kwa kuwa mfupa wa kobe hupona kwa miezi, na mara nyingi huvuka mwaka. Pale palipobanduka pana kovu la kijivu lisilo na madoa. Jirani amejenga banda, nasi tumeweka komeo la juu getini. Mama mkwe hamruhusu mtu yeyote kumpa tikiti ila yeye.

Kuna jambo lililonikaa tangu siku ile. Kobe ni mnyamapori, na Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori Na. 5 ya 2009 inataka kibali kabla ya kumfuga. Daktari alituambia kwamba kuna watu hawamwiti kwa sababu hawana karatasi. Wanaogopa, wanamwacha mnyama avuje damu nyuma ya nyumba, wanapaka mafuta ya taa, wanangoja. Wewe ambaye kobe wako aliingia uani bila kibali, nakuomba, akiumia mpeleke kwanza. Halafu nenda ofisi ya wanyamapori ukaseme ukweli wako. Na wenye vibali nao wasikae: mpigie leo daktari wa mifugo wa karibu, muulize kama amewahi kumtibu mnyama mwenye gamba, na akisema hapana, muulize ni nani amewahi. Namba hiyo iandike ukutani, mahali ambapo hata mtoto ataisoma.