Adhana ya Dar, Jua la Tabora

Mwaka 1970 Tanzania Bara haikuwa na televisheni; tuliipata 1994. Kwetu Gongoni, Tabora, dini na taifa viliingia nyumbani kwa redio. Alfajiri Redio Tanzania ilipofungua kwa Mungu Ibariki Afrika, Baba alitusimamisha wima, tongotongo zingali machoni. “Hiyo ni dua,” alisema, na mpaka leo naisikia kama dua. Betri zikichoka, Mama alizianika juani kando ya dagaa wa Kigoma, zikafufuka siku mbili tatu.

Baba alikuwa mtu wa reli. Treni za Kigoma na Mwanza zilifuata saa moja, saa ya Dar, naye aliamini nchi moja ina saa moja.

Jioni moja ya Ramadhani, betri mpya, akaiweka redio dirishani na kuipandisha sauti ili majirani nao wafaidi. Ikaadhini. Baba akasema Bismillahi, akatia tende kinywani. Sisi tukauvamia uji wa pilipili manga. Nyumba ya pili nikasikia sahani zikigongana.

Bibi hakunyoosha mkono. Alikuwa uani juu ya kigoda, akiutazama mwembe wetu, mmoja wa ile miembe ya kale ambayo wazee husema ilipandwa na watu wa misafara.

“Mwanangu, jua hilo. Bado liko majanini.”

Tukatoka na vikombe mkononi. Kilele cha mwembe kilikuwa kimeiva kwa jua, na kivuli cha jogoo kilivuka ua mzima.

Redio haikukosea. Dar jua lilikwisha kuzama. Tabora iko magharibi ya Dar kwa digrii zaidi ya 6, na kila digrii jua huivuka kwa dakika 4. Misafara kutoka Bagamoyo ilitembea miezi hadi hapa. Jua lilihitaji kama dakika 25, sauti haikuhitaji hata moja.

Baba akaitema kokwa ya tende kiganjani, akaifumba. Kisha akatoka, mlango hadi mlango, kuwaambia majirani. Muadhini wetu alipoadhini, uji ulikuwa umepoa na hakuna aliyekuwa na njaa.

Siku ile tuliilipa Mfunguo Mosi, sisi na majirani, mkeka mmoja chini ya mwembe. Bibi ndiye aliyetazama majani. Saa mbili usiku Baba akaiwasha redio, tukasikiliza taarifa ya habari.