Kwa Mkurugenzi Mwenye Filamu Yetu

Ndugu Mkurugenzi,

Sisi wanakijiji wa huku Usambara tunakupongeza. Tumesikia filamu yetu imepata tuzo Ulaya. Tumesikia tu, maana kuiona bado.

Kwanza tunaomba radhi kwa usumbufu tuliowapa vijana wako. Yule bibi aliyetakiwa kupita na ndoo kichwani alichelewa kwa sababu ana bomba uani. Ndoo alikwenda kuazima. Bodaboda zilifichwa migombani kama mlivyoagiza, na sola ya shule ilifunikwa turubai. Watoto walivua viatu bila ubishi. Kuhusu kabichi kustawi kupita kiasi, tusamehe: mvua ilinyesha kinyume na andiko la mradi.

Fomu za ridhaa tulizitia dole gumba. Mwalimu alitaka kutusomea, lakini jua lilikuwa linazama na tuliambiwa mwanga wa saa hizo huupendezesha sana umaskini.

Sasa tuje kwenye shina la barua. Mwaka 1935 Waingereza walianzisha kituo cha filamu hapa jirani, Vugiri. Hadi 1937 walikuwa wametengeneza filamu zaidi ya 30 za kutuelimisha, nyingine kuhusu kilimo, kana kwamba babu zetu walikuwa wanakula mawe. Dharau ilikuwa tele. Lakini filamu zile walizipakia kwenye lori pamoja na mashine ya kuzionyeshea, wakazizungusha Tanganyika, Kenya, Uganda, hadi Nyasaland na Rhodesia Kaskazini, kwa barabara za wakati ule! Mkoloni alitutukana ana kwa ana. Wewe una droni na intaneti, na bado mzee wetu aliyeeleza kwa kirefu jinsi madalali wanavyomshushia bei ya kabichi hajui kama maneno yake yalibaki, au kilichobaki ni pale alipokohoa.

Kumsema mtu asipokuwepo, huku kwetu, ni kusengenya, hata ukiweka marimba kwa chini.

Tena tukutahadharishe kama ndugu. Kule Kitui, Kenya, mkulima Kisilu Musya alishika kamera akarekodi mwenyewe shamba lake, familia yake na ukame wake. Filamu ikatoka 2017, naye ni mmoja wa waliomo na mmoja wa waliopiga picha. Mtindo huo ukifika huku, utamwelekeza nani abebe ndoo?

Ombi letu ni dogo: ilete tuione, na mzee wa kabichi akae mbele aseme lake taa zikiwashwa. Kibanda umiza tunacho, na televisheni yake si ndogo. Kiingilio ni shilingi 500. Wewe utaingia bure, ila soda utajinunulia. Usije tu siku ya Simba na Yanga. Siku hiyo hata ukija na tuzo mkononi, utasimama nje.

Wako,
Katibu, Kamati ya Wahusika Wakuu Wasiolipwa