Serikali Imenipunguzia Umri

Watumishi wenzangu wakikaribia kustaafu hulalamika kwamba serikali inawakimbiza. Mimi inanikatalia kuzeeka.

Nimezaliwa Septemba 1966. Cheti cha kuzaliwa kinasema hivyo, kitambulisho cha taifa cha NIDA kinasema hivyo, na magoti yanasema hivyo kila nikipanda ngazi. Lakini kwenye jalada langu la utumishi mimi ni mtoto wa 1969. Ukiitazama fomu ya ajira ya 1988 utaona chanzo: ile sita ya mwisho, karani aliianzia chini, kichwa kikaenda juu na mkia ukaning'inia. Wino wenyewe umefifia, fomu imetobolewa mara mbili kupitisha uzi wa jalada, ila mkia ule umebaki mweusi ti. Kwa mkia huo nimeongezewa miaka mitatu ya chaki.

Kuna wanaonishauri niandike barua tu nistaafu kwa hiari, maana 55 nimeshapita hata kwa hesabu ya karani. Kwa nini niombe kwa hiari kitu ambacho nikifika 60 ni cha lazima? Tena hata nikiomba, mfuko wa pensheni utakuta jalada linasema hili na kitambulisho kinasema lile, na taarifa zisipooana, mafao hukaa huko huko yaliko.

Basi nikaenda kwa afisa utumishi, binti mdogo ambaye ningeweza kumfundisha darasa la pili.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba, mwanangu."

Akafungua kompyuta, akasoma, akaniangalia mvi, akasoma tena. "Mwalimu, hapa watu huja kupunguza. Wewe unataka kuongeza?"

"Nataka niliyonayo."

"Kuna nini huko unakokimbilia?" Tangu hapo alinishuku kuliko walioghushi.

Akanieleza kanuni: tarehe uliyoitoa ulipoajiriwa mara ya kwanza ndiyo hiyo hiyo mpaka mwisho. Nikasema tarehe aliiandika karani. Akasema sahihi ni yangu. Na kusema kweli, kanuni yenyewe siilaumu. Isingekuwepo, kila mtu angefika miaka 59 na kugundua cheti kipya sandukuni kwa bibi, na wale vijana wanaosubiri ajira wangezeekea vijiweni. Kinachonikera ni kwamba ukuta uliojengwa kuwazuia wanaotaka kubaki umenizuia mimi ninayetaka kutoka.

Nikatoa ushahidi. Nilianza darasa la kwanza 1974. Kwa hesabu ya jalada nilikuwa hata sijatimiza miaka mitano, na wazee wenzangu wanakumbuka uandikishaji wa enzi zile: unazungusha mkono juu ya kichwa ushike sikio la upande wa pili. Asiyefika, nyumbani. Hakuna mtoto wa miaka mitano aliyelifikia lile sikio! Kipimo kile hakikuwa na fomu wala karani. Halafu nikaongeza kwamba Azimio la Arusha lilipotangazwa, Februari 1967, mama anasema nilikuwa nikikaa mwenyewe bila kuegemezwa mto.

"Lina muhuri?" binti akauliza.

"Azimio?"

"Hilo la mto."

Mama yangu, ambaye siku ninazaliwa alikuwepo kwa karibu kuliko karani yeyote, hakubaliki mpaka aape kwa wakili, alipie, na aonyeshe kitambulisho chake. Tarehe iliyoandikwa kwenye hicho kitambulisho naogopa kuitazama. Inawezekana kabisa nimemzidi umri.

Mwisho binti akanionea huruma, akainama na kunipa ile njia nyepesi. "Mwalimu, jalada ni gumu. Wewe badilisha cheti cha kuzaliwa na NIDA vifuate jalada." Yaani nyaraka zilizo sahihi ndizo ziende zikaombe radhi kwa ile iliyokosea. Nikamuuliza kama na magoti kuna ofisi ya kuyabadilishia. Akasema nipitishe barua kwa mkuu wangu wa shule.

Mkuu wa shule ameshanipangia zamu ya 2028.

Haya yote ningeyameza, isipokuwa kwamba nina mdogo wangu, mwalimu pia, tumbo moja kabisa, kazaliwa 1968 na karani wake alijua kuandika nane. Kwa mujibu wa serikali yeye ndiye kaka. Atastaafu mwaka mmoja kabla yangu, na tayari amenitumia kadi ya mchango wa sherehe. Juzi kwenye kikao cha familia nilimkuta amekalia kiti changu, kile chenye mikono. Hakuinuka. Alinitazama kwa utulivu, akisubiri shikamoo yake.

Nilimwambia ataipata 2029, nikishakuwa mtu mzima.